Ukishavuka levo 40 Pokémon GO ukiwa Dodoma, unacheza nini? Njia yangu ni upepo, vumbi la nyota na ligi ya 1500

#1 Mbuyu Mkavu (mwanzisha uzi)

Mbukwenyi wakuu, na nyie wa Singida, Manyoni na Kondoa mliopo humu.

Uzi huu ni wa wale waliovuka levo 40 kwenye Pokémon GO, gemu ya simu ya kutembea na kukamata Pokémon mtaani, na sasa wanafungua gemu, wanazungusha PokéStop mbili (vituo vya ramani vinavyotoa mipira na vifaa), wanafunga. Nilikuwa huko. Naicheza tangu 2019, na kuna kipindi wiki tatu nzima sikuigusa. Gemu ilipotoka Julai 2016 kikomo kilikuwa levo 40. Desemba 2020 kikapelekwa 50, Oktoba 2025 kikapelekwa 80. Kila nikikaribia paa nakuta nyumba imeongezwa ghorofa. Nikajiuliza napanda kwenda wapi.

Video karibu zote zinakupa jibu moja: tafuta wale wakubwa wa reidi za nyota tano (mapambano ya kundi dhidi ya Pokémon mmoja mkubwa), pata mwenye 15/15/15 (namba za ndani za shambulio, ulinzi na uhai, kila moja ni 0 hadi 15), mpandishe hadi levo 50, ingia ligi ya mchezaji kwa mchezaji isiyo na kikomo cha CP, yaani namba ya nguvu ya Pokémon. Sawa, lakini tupige hesabu kwanza. Kumtoa Pokémon levo 1 hadi 40 ni vumbi la nyota 270,000 na pipi 304, vyote unavipata kwa kukamata. Kutoka 40 hadi 50 ni vumbi jingine 250,000 na pipi XL 296, zile adimu za kupandishia juu ya 40. Huyo ni mmoja, na timu ni watatu. Pipi XL za hao wakubwa nyingi zinatoka kwenye reidi zenyewe, na reidi ya nyota tano inataka watu. Nimewahi kusimama mjini kati saa kumi na moja jioni, yai la reidi limepasuka mbele yangu, sebule ya kusubiri inachukua watu 20, na nipo peke yangu mpaka muda ukaisha. Si mara moja.

Utasema nunua pasi ya mbali, ile ya kuingia reidi ukiwa nyumbani. Aprili 2023 pasi hiyo ilitoka sarafu 100 za gemu ikaenda 195, na ukawekewa mwisho wa reidi tano za mbali kwa siku. Sarafu za bure za jimu (kituo unachomweka Pokémon wako akilinde) ni 50 kwa siku, basi. Kwa hiyo siku nne za jimu ni reidi moja, na anaweza kukuponyoka.

Nikaanza kutafuta sehemu ya gemu ambayo mtu wa Dodoma hajaachwa nyuma na mtu wa Tokyo. Nikaipata kwenye ligi ya 1500.

Mle hakuna anayeruhusiwa kupita CP 1500. Pesa zako na reidi zako mia hazikupi nafasi ya kuzidi hapo. Kinachoamua ni nani umemchagua, namba zake za ndani zikoje, na unajua kuhesabu mapigo ya mwenzako au hujui. Kila mtu ana ngao mbili za kuzuia mapigo makubwa. Pigo dogo linahesabiwa kwa zamu za nusu sekunde. Mimi huyu, mwenye simu ya kawaida, nimemshinda mtu mwenye levo kubwa kuliko yangu kwa sababu nilijua pigo lake kubwa litakuja baada ya mapigo madogo mangapi. Raha niliyoipata siku ile sijaipata kwenye reidi yoyote.

Sasa hapa ndipo wengi tunatupa dhahabu jalalani. Hesabu ya CP inazidisha shambulio lote zima, lakini ulinzi na uhai inavichukua kwa kipeuo cha pili tu. Maana yake shambulio linakula nafasi kubwa ya CP. Ukiwa na kikomo cha 1500, mwenye shambulio dogo na ulinzi na uhai wa juu anapandishwa levo nyingi zaidi kabla hajagonga dari, na anakaa uwanjani muda mrefu kuliko yule wa 15/15/15. Yule wa 0/15/15 uliyemtuma kwa Profesa (yaani uliyemtoa kwenye orodha yako) jana ukaambulia pipi moja, ndiye niliyekuwa namtafuta mimi.

Sasa Dodoma inaingiaje? Kwa hali ya hewa. Tangu Desemba 2017 gemu inasoma hali ya hewa ya mahali ulipo. Jua linaongeza nguvu majani, ardhi na moto. Upepo unaongeza joka, warukao na wa akili. Haya niambieni, kuanzia mvua zikikata hadi Novemba, hapa kwetu kuna nini zaidi ya jua na upepo? Aliyeongezwa nguvu na hali ya hewa porini anaweza kutokea hadi levo 35 badala ya 30, vumbi lake linazidi kwa asilimia 25, na namba zake za ndani haziwezi kushuka chini ya 4. Upepo huu unaotujaza mchanga machoni mwezi wa saba ndio mtaji wetu.

Kazi yangu ya sasa ni Medicham. Amedumu miaka mingi kwenye ligi ya 1500. Anayetakiwa ni 5/15/15, na akifika levo 50 kamili CP yake inasoma 1499. Meditite, ambaye ndiye anayegeuka kuwa Medicham, ni wa akili na mapigano, kwa hiyo upepo unamuongeza. Kwenye hali ya kawaida kumpata mwenye namba hizo hasa ni mmoja kati ya 4,096. Upepo ukivuma, kwa kuwa chini ya 4 hapatikani, ni mmoja kati ya 1,728. Na ukimpata akiwa levo 35 badala ya 30, umeokoa vumbi 62,000, yaani kama kukamata Pokémon 500 wa vumbi 125. Nimepiga hesabu hii zaidi ya mara tatu kwa karatasi.

Karibuni tujadili. Wenye njia nyingine waweke.

#2 Chuma cha Nzuguni

Mkuu umeandika vizuri lakini sikubaliani. Gemu hii mwisho wake ni wale wakubwa. Mtu hakumbuki Medicham wako, anakumbuka Mewtwo. Mimi nina wawili wamefika 50, nimewahangaikia karibu miaka mitatu, na kila nikiwafungua nawaangalia tu nafurahi. Ligi ya 1500 kila msimu wanabadilisha nguvu za mapigo. Leo unamlisha vumbi laki tatu, msimu ujao wamempunguza nguvu. Mewtwo wangu yuko palepale.

#3 Mbuyu Mkavu

Chuma, hoja ya misimu ni ya kweli na imeniuma. Kuna mmoja nilimmalizia vumbi lote, wakampunguza nguvu baada ya wiki mbili. Tangu hapo sianzi na wa gharama. Naanza na wa bei rahisi ambaye akishushwa sitalia.

Mfano Swampert. Mwenye shambulio 0 anafikia 1500 akiwa karibu na levo 19 tu. Kwa kuwa ametokana na Mudkip, mmoja wa wale watatu wa kuanzia, kumfungulia pigo la pili ni vumbi 10,000 na pipi 25. Linganisha na wengine wanaodai 50,000, 75,000 hadi 100,000. Ukijenga watatu wa namna hiyo unaingia ligi ndani ya wiki, na wakishushwa hujapoteza kitu kikubwa. Medicham ni wa mtu ambaye ameshakaa.

Kuhusu Mewtwo nakuheshimu kaka. Miaka mitatu ni kazi. Nasema tu kwamba hiyo miaka mitatu kijana wa levo 42 hapa mjini hana uvumilivu nayo, anaifuta gemu kabla.

#4 Binti Ipagala

Naomba kuuliza kuhusu sarafu za jimu. Nimeweka wangu kwenye jimu karibu na kazini, ana siku kumi na mbili mle. Sipati hata sarafu. Wengine wanasema wanapata 50 kila siku. Nakosea wapi?

#5 Mbuyu Mkavu

Dada hujakosea, huo ndio ugonjwa wa miji yenye wachezaji wachache. Sarafu zinahesabiwa moja kwa kila dakika kumi, lakini unalipwa siku anapotolewa na kurudi nyumbani. Saa nane na dakika 20 zinatosha kufikisha 50. Akikaa siku kumi na mbili akarudi leo, utapewa 50 zilezile. Wakirudi watano siku moja, bado ni 50. Siku zote alizokaa mle zimekwenda bure.

Sisi wa huku tulikubaliana kwa mdomo. Timu za gemu zinazogombea jimu ni tatu: mimi ni bluu, kuna mwenzangu mwekundu na mwingine njano. Asubuhi mmoja anaweka, jioni mwingine anamtoa. Kesho tunageuza. Kila mtu na akaunti yake moja, simu yake moja. Wewe ni rangi gani?

#6 Binti Ipagala

Njano. Kumbe! Nilikuwa naona kukaa muda mrefu ndiyo sifa.

Lingine, nikitoka kazini saa kumi na mbili natamani kutembea lakini simu mkononi barabarani naogopa. Rafiki yangu alinyang'anywa na mtu wa pikipiki.

#7 Chuma cha Nzuguni

Dada washa ule usawazishaji wa hatua, upo tangu 2018. Simu inakaa kwenye mkoba, gemu imefungwa, na kilomita zinahesabika kwa mayai yanayoanguliwa kwa kutembea na kwa Pokémon rafiki unayetembea naye akakupa pipi. Ukifikisha kilomita 25 kwa wiki kuna zawadi, 50 kuna nyingine. Ukitaka kukamata, ingia sehemu yenye watu, simama, kamata, rudisha mkobani. Usitembee huku unatazama kioo. Hii simjibu yeye tu, hata sisi wanaume.

#8 Mgeni wa Chuo

Wakuu mimi levo 34, nipo UDOM. Naweza kuingia ligi ya 1500 au nisubiri?

Na swali la pili, nikienda Dar kwa SGR mayai hayasogei hata kidogo, kwa nini?

#9 Mbuyu Mkavu

Ingia leo. Faida ya ligi hii ni kwamba haingoji levo yako. Swampert niliyemtaja hata mtu wa levo 25 anamjenga.

Treni ile inakimbia hadi 160 kwa saa. Kilomita za yai zinataka mwendo wa miguu au kukimbia, ukizidi takriban kilomita 10 kwa saa hazihesabu. Safari yote ya Dodoma hadi Dar haikupi kitu. Wewe lala.

#10 Kasi ya Umeme

Mnahangaika na upepo wa nini. Weka GPS feki, unakaa Chang'ombe unakamata New York. Reidi zimejaa watu. Mimi mwezi wa tatu huu sijaguswa.

#11 Mbuyu Mkavu

Kasi, naomba hilo lisiendelee kwenye uzi huu, na nakwambia kwa upendo. Adhabu ni tatu: kwanza onyo la siku 7 ambalo Pokémon adimu hawajitokezi kwako, kisha kufungiwa siku 30, kisha akaunti inakwenda moja kwa moja. Nimemuona mtu akipoteza akaunti ya miaka mitano. Alikuwa na Pokémon wa siku mtoto wake alipozaliwa, kampa jina la mtoto. Akaenda naye.

Na hata usingeguswa, mimi nataka nikifungua orodha yangu nione mahali. Huyu nilimpata Makole mvua ya kwanza. Huyu siku nimeenda Mpwapwa msibani. Kila mmoja ameandikwa tarehe na mahali. New York yako hujawahi kukanyaga.

#12 Kolo Juu

Mimi niko Kondoa, huku PokéStop ni za kuhesabu kwa vidole vya mkono mmoja. Mnaongelea upepo, upepo upo, lakini mipira ya kukamatia inaisha. Kuna njia?

#13 Mbuyu Mkavu

Kaka wewe ndiye nilikuwa namuombea ajitokeze. Njia zipo tatu.

Zawadi za marafiki kwanza. Kila zawadi unayofungua inaweza kuwa na mipira. Sisi humu tukiwa marafiki wako unafungua kila siku. Andika humu nitakufuata kwa ujumbe wa siri, usiweke namba yako hadharani.

Pili, kamata wachache kwa kuchagua. Ukiwa na mipira 30, usiitupe kwa kila anayetokea. Upepo ukiwa umewashwa kwenye gemu, kamata wale wenye alama ya upepo tu, wale ndio wenye vumbi la ziada. Hali ya hewa ya gemu inabadilika kila saa, kwa hiyo chungulia juu kulia kabla hujatoka ndani.

Tatu ndiyo ninayoipenda kuliko zote: pendekeza PokéStop mpya. Wanakubali mahali pa kutembelewa, pa mazoezi au pa watu kukutana. Hawakubali shule ya msingi wala sekondari, nyumba ya mtu, wala eneo la jeshi. Nilipendekeza mbuyu mkubwa kabisa ninaoupenda, ukakataliwa, kwa sababu mti wa asili peke yake hautoshi. Ukiwa na kibao cha maelezo pembeni, kibao kile ndicho unachopendekeza. Nyie mna michoro ya miambani ya Kolo, iliyoingia kwenye urithi wa dunia wa UNESCO mwaka 2006. Nendeni na simu, pigeni picha ya kibao mchana jua likiwa nyuma yenu, andikeni maelezo ya kweli. Michoro ya wazee wetu kustahili kuonekana kwenye ramani hii ni jambo ambalo halihitaji hata ubishi.

#14 Kolo Juu

Hii ya kibao sikuijua. Mwezi uliopita nilipiga picha ya mwamba wenyewe, wakakataa. Jumamosi narudi.

#15 Chuma cha Nzuguni

Nimeshawishika nusu. Nimeingia ligi ya 1500 jana, nimepigwa mapambano manne kati ya matano. Mtandao unakatikakatika, nabonyeza pigo linachelewa. Mnacheza vipi na bando hizi?

#16 Mbuyu Mkavu

Zamu ni nusu sekunde, kwa hiyo mtandao ukisita kidogo tu umepoteza mapigo mawili. Ninachofanya: nazima masasisho yote ya nyuma, nazima WhatsApp isipakue picha, nakaa mahali pamoja, sichezi nikitembea. Nacheza asubuhi kabla ya saa moja, au usiku sana. Jioni kati ya saa moja na saa nne mtandao wa mtaani kwangu ni mzito, sigusi. Una seti tano kwa siku, kila seti mapambano matano, hakuna anayekulazimisha uzimalize zote jioni ile.

Simu ikipata joto nayo inasita. Mwezi wa kumi na kumi na moja jua la hapa linaiua betri, kaa kivulini.

Na kupigwa manne kati ya matano usijali kaka. Unapanda hadi nafasi ya 20, halafu ndipo unaonyeshwa alama zako. Ace inaanza 2000, Veteran 2500, Expert 2750, Legend 3000. Mimi nimefika Ace mara mbili tu, na siku ile ya kwanza niliwaamsha watu nyumbani.

#17 Binti Ipagala

Kuna huyu wa ndizi shingoni, Tropius. Dada yangu yupo Uingereza ananisumbua kila siku nimtunzie. Kwani huko hawapo?

#18 Mbuyu Mkavu

Hawapo. Tropius ni wa Afrika na kipande kidogo cha kusini mwa Ulaya. Mtunzie, akija likizo mbadilishane mkiwa pamoja.

Halafu angalia maajabu yake. Ni wa majani na wa kuruka. Jua linamuongeza, upepo unamuongeza. Kwa hiyo hapa Dodoma ni nadra kumkuta hajaongezwa. Lakini kwa ligi ya 1500 hilo linageuka mtego: anafikia 1500 akiwa karibu na levo 29 au 30, na aliyetokea levo 35 kwa ajili ya jua ameshapita. CP haishuki. Huyo wa ligi ya 1500 mtafute mdogo, au siku ya mawingu mazito. Yule mkubwa aliyeongezwa mtunzie dada.

#19 Mgeni wa Chuo

Wakuuu! Leo mchana upepo ulikuwa mkali, nimepata Meditite levo 35. Nimepima, ni 6/15/14. Siyo 5/15/15. Nimtupe?

#20 Mbuyu Mkavu

Usimguse kabisa! Nimekaa na karatasi sasa hivi. Akiwa Medicham, levo 50 kamili anapita 1500 kidogo tu, kwa hiyo anasimama levo 49.5 na CP inasoma 1497. Hiyo nusu levo unayoiacha inakuokolea pipi XL 20 na vumbi 15,000. Unahitaji pipi XL 276 na vumbi 323,000 kutoka hapo alipo.

Ni kazi ya mwaka, sikudanganyi. Mfanye rafiki wa kutembea naye leo hii. Pipi za kawaida zikizidi, 100 unabadilisha kwa XL moja. Usimpandishe hata mara moja mpaka uwe na Swampert na wenzake wawili wanaocheza, maana vumbi utalihitaji huko kwanza.

Siku ya Jamii ijayo, lile tukio la gemu la kila mwezi, ni saa nane mchana hadi kumi na moja. Tukutane mjini kati, Nyerere Square, upande wenye kivuli. Njano, bluu, nyekundu wote. Chuma lete Mewtwo wako tumuone, labda kuna reidi na safari hii tutakuwa zaidi ya mmoja.

#21 Chuma cha Nzuguni

Nipo. Nakuja na powerbank mbili.

#22 Kolo Juu

Natoka Kondoa na basi la asubuhi. Mnisubiri, nina picha ya kibao.